Dakika Mbili za Jumamosi ya Kwanza ya Mei

Kwa sisi waamini wa Kiswahili tunaoishi Louisville, katika jimbo la Kentucky, Jumamosi ya kwanza ya mwezi wa Mei haipiti kimya. Ni siku ya Kentucky Derby, mbio za farasi zinazofanyika katika uwanja wa Churchill Downs kila mwaka tangu 1875. Wengi wetu tunakaa upande wa kusini wa mji, si mbali na uwanja huo. Ijumaa yake shule hufungwa. Jumamosi barabara huzibwa, na majirani husimama na vibao vya boksi wakiuza nafasi za kuegesha magari juu ya nyasi zao. Kila mwaka swali ni lile lile: je, tutazame? Na kama tutatazama, saa ngapi, wapi, na pamoja na nani?

Wapo wanaoliona swali hili kuwa dogo mno kwa mtu wa imani. Mbio zenyewe ni za dakika mbili tu. Farasi wasiozidi 20, wote wa miaka mitatu, hukimbia maili moja na robo, yaani kilomita mbili hivi, na mambo yamekwisha. Secretariat alimaliza chini ya dakika mbili mwaka 1973, na hadi leo hajapatikana wa kumpita. Miaka hii farasi huachiwa kama saa moja kasoro dakika tatu jioni. Zoezi la kwaya la saa moja kamili linaweza kuanza saa moja na robo, na hakuna malaika atakayelalamika.

Lakini sisi tunaona kwamba ufupi huo ndio unaolifanya swali liwe zito. Ndani ya dakika mbili hakuna mtu anayeamua lolote. Milango ikishafunguka na farasi wametoka, mwili husimama wenyewe na sauti hutoka yenyewe. Yote ya kuamuliwa yalikwisha kuamuliwa: tumekaa na nani, tumeshika nini mkononi, nani tumemwacha nyumbani. Anayetaka kujua dhamiri yake ilikuwa wapi asiitafute kwenye mbio. Aitafute kwenye mipango yake ya asubuhi.

Augustino, askofu Mwafrika wa Hipo, anasimulia katika kitabu chake cha Maungamo habari za rafiki yake Alipio. Kijana huyu alinaswa na mashindano ya magari ya farasi kule Kartago, akaja kuyaacha baada ya maneno ya Augustino kumchoma moyo. Baadaye, akiwa Roma, rafiki zake walimvuta kwenda kutazama watu wakiuana uwanjani. Alikwenda, lakini alikuwa na mpango: atakaa pale akiwa amefumba macho. Mtu mmoja alipoangushwa, umati ukapiga kelele, hamu ya kujua ikamshinda Alipio, akafumbua. Tangu hapo hakutaka kuyafumba tena. Habari hii husimuliwa kama onyo juu ya nguvu ya dhambi, na ni sawa. Sisi tunaiona pia kuwa habari ya mpango mbovu. Alipio alilinda macho akasahau masikio, tena alikaa katikati ya watu waliotaka ashindwe.

Masikio yetu sisi ni simu. Siku ya Derby runinga huanza kutangaza mchana, saa nyingi kabla ya mbio, na muda huo hujazwa na kofia za kina mama (nzuri kweli, hatukatai), vinywaji, na zaidi ya yote hesabu za dau. Tusidanganyane: bila kamari mbio hizi zisingekuwa hivi zilivyo. Fedha za dau huingia chungu kimoja, wenye uwanja na serikali hukata sehemu yao kwanza, na kinachobaki hugawanywa kwa waliobahatisha. Maana yake kila dola anayofurahia ndugu yako imetoka mfukoni mwa aliyepoteza. Mwaka 2022 farasi Rich Strike aliingizwa siku moja tu kabla ya mbio, baada ya mwingine kuondolewa, akashinda wakati karibu hakuna aliyemtazamia. Dau la dola 2 lililipa dola 163.60. Tuliwasikia waamini wakiuita huo muujiza. Hatukubaliani nao. Neema ya Mungu hailipwi kwa kodi ya nyumba ya jirani.

Basi kwa nini tusizime tu? Baadhi ya wazee wetu wanasema tuzime, na hoja yao kubwa si kamari bali mnyama. Mwaka 2008 farasi jike Eight Belles alishika nafasi ya pili, kisha akaanguka akiwa amevunjika vifundo vya miguu yote miwili ya mbele, akauawa pale pale uwanjani. Mwaka 2023 farasi 12 walikufa Churchill Downs katika majuma yaliyoizunguka Derby. Kitabu cha Mithali kinampima mwenye haki hata kwa jinsi anavyomjali mnyama wake. Hoja hii hatuna jibu la kuimaliza, na anayezima runinga kwa sababu hiyo asichekwe.

Hata hivyo liko jambo ambalo hatupendi watoto wetu walikose. Katika Derby ya kwanza, wapanda farasi 13 kati ya 15 walikuwa watu weusi. Aliyeshinda, Oliver Lewis, alimpanda Aristides, farasi aliyefunzwa na Ansel Williamson, mtu aliyezaliwa utumwani. Isaac Murphy alishinda mara tatu. Kisha watu weusi wakasukumwa nje ya mchezo, hata kuanzia 1922 hadi 1999 hakuna hata mmoja wao aliyepanda farasi katika Derby. Mtoto wetu anayelijua hilo, akikaa mbele ya runinga, ana jambo la kutazama lisilo na bei.

Kwa hiyo sisi tungepanga hivi. Runinga iwashwe saa kumi na mbili na nusu jioni, si saa nane mchana. Simu zikae kapuni, za wazee pia. Habari za Oliver Lewis zisimuliwe kabla, maana baada ya mbio hakuna atakayesikiliza. Na ndugu anayepigana na kamari asialikwe kwa utani. Mmoja wetu aziache mbio mwaka huo, akale naye chakula mahali pengine.

Bado kuna wasioulizwa kabisa kama wanataka kutazama. Hoteli za mji hujaa siku hizo, na miongoni mwa wanaotandika vitanda vyake wamo kina mama wa ushirika wetu, wengine kwa zamu mbili mfululizo. Ijumaa watoto wao hawana shule. Jumamosi usiku njia ya kurudi nyumbani imejaa magari ya wageni. Kabla ya kuulizana nani ana runinga kubwa, tungependa Jumapili ya mwisho ya Aprili ipitishwe karatasi yenye mistari miwili: nani atakaa na watoto Ijumaa, na nani ana gari la kuwafuata mama zao Jumamosi usiku.