Tafakuri ya Ramadhani, siku ya 9: Mwanaume halii?



Kuna ndugu yetu msikitini, hii ni Ramadhani yake ya kwanza bila mkewe. Anafuturu tende na maji pale barazani, anakaa mpaka taa zizimwe. Hasemi kitu. Siku ya maziko mimi mwenyewe nilimwambia, "Jikaze, wewe mwanaume." Neno lile linanisumbua mpaka leo.

Maana nani kasema subira ni kukausha macho? Nabii Yaqub (a.s.) alishika subira njema alipompoteza Yusuf, na Sura Yusuf hiyohiyo, aya ya 84, inatueleza macho yake yaligeuka meupe kwa huzuni. Miaka imepita, kidonda bado kibichi, wanawe wanamlaumu. Yeye majonzi yake akampelekea Mwenyezi Mungu. Na Mtume wetu (s.a.w.) alilia mwanawe Ibrahim akikata roho, Abdurrahman bin Auf akashangaa, akajibiwa kuwa machozi yale ni rehema.

Kilichokatazwa ni kupiga mayowe, kuchana nguo, kumlaumu Mola. Sisi tumeongeza letu, tukakataza na chozi. Halafu mtu akinyamaza tunasema mashaallah, ana subira, kumbe hana wa kumwambia. Khitma ikisomwa, turubai likikunjwa, kila mtu kwake.

Jana baada ya tarawehe nilimfuata, nikamuomba radhi. Tukatembea mpaka kwake. Njia nzima alinisimulia habari za mkewe, mpaka uji wake wa pilipili manga.