Kimya cha Kuamriwa na Kimya cha Hiari

Je, msomaji, ni haki mmoja anyamazishwe ili wengi wasifiwe? Swali hili laonekana jepesi, lakini hata watu wazima hulikosa.

Mwaka 2016 Kristóf Deák wa Hungaria alitoa sinema fupi ya dakika 25 iitwayo Mindenki, maana yake "Kila Mtu". Mwaka uliofuata ilipata tuzo ya Oscar huko Marekani. Kisa chake ni cha shule moja ya Budapest, mwaka 1991. Msichana mgeni, Zsófi, anajiunga na kwaya yenye sifa kubwa. Mwalimu anamwita kando na kumwagiza kwa upole asiimbe tena. Achezeshe midomo tu, na siri hiyo asimwambie mtu. Mtoto anatii, na furaha yake inazimika.

Usiharakishe kumlaani mwalimu yule. Hoja anayo: watoto wamejitahidi, mashindano yamekaribia, na tuzo ni safari ya Uswidi. Kwa nini sauti moja iliyopotoka iwanyime wengi tunda la jasho lao? Lakini hoja hiyo ina ufa. Kwanza, mlango wa kwaya ulikuwa wazi kwa wote. Na amkaribishaye mgeni kisha akamnyima chakula, hakumkaribisha. Pili, neno la haki halihitaji kufichwa. Tatu, sifa ipatikanayo hivyo ni ya uongo, maana wasikilizaji huonyeshwa kwamba wote wanaimba, kumbe wanaimba wateule.

Rafiki yake, Liza, anaigundua siri, na yadhihirika kwamba Zsófi hakuwa peke yake. Siku ya mashindano mwalimu anainua mikono, na kwaya nzima inachezesha midomo bila sauti. Wenye sauti nzuri wamekubali kushiriki unyonge wa walionyamazishwa. Mwalimu anapoondoka jukwaani kwa fedheha, ndipo wanapoimba, kila mtu.

Tazama basi: kimya cha kuamriwa kilimdhili mmoja, kimya cha hiari kiliwainua wote. Wahenga hawakukosea waliponena kwamba kimya kingi kina mshindo mkuu.

Nawe huenda umejaliwa sauti, au akili ya hesabu, au miguu ya mbio. Katika darasa lako, ni nani achezeshaye midomo tu? Ukimjua, usimhurumie kwa mbali. Kaa kando yake, hata kama kufanya hivyo kutakugharimu safari ya Uswidi.