Msuko na Usinga: Pambo la Farasi ni la Nani?

Mwanadamu hatosheki na kizuri kuwa kizuri. Hutaka pia kionekane. Ndiyo maana mlango huchongwa nakshi, kofia hutiwa tarizi, na biarusi husukwa na kutiwa hina kabla ya kutolewa ukumbini. Katika mapambo ya watu, hata hivyo, anayepambwa ana kauli. Mwari akivutwa nywele kupita kiasi hulalama, naye msusi hulegeza mkono. Akikirihika na mtindo, husema ufumuliwe. Lipo pambo jingine ambalo mwenye kupambwa hana kauli hiyo, nalo ni msuko wa farasi apelekwaye katika uwanja wa maonyesho. Yeye hakuomba kusukwa, hajitazami kiooni, na tuzo akiipata haimhusu. Hapo ndipo huzuka swali: pambo hilo ni la nani, na mpambaji ana haki gani juu ya mwili usio wake?

Kwanza yafaa kuujua ufundi wenyewe, kwani hauamuliki uzuri wala ubaya wa jambo lisilojulikana. Nchini Uingereza, ambako maonyesho ya farasi ni desturi ya miaka mingi, kazi hii huanza aghalabu kabla ya mapambazuko. Singa za shingo huwa zimekwisha kupunguzwa urefu na unene siku za nyuma. Saisi huzilowesha, huzigawa mafungu yaliyo sawa, na kila fungu hulisuka kutoka juu kwenda chini kwa mkono ulio imara. Msuko ukiisha hukunjwa na kukunjwa tena hata ukawa kifundo kidogo, kisha hushonwa kwa sindano na uzi wenye rangi ya singa zenyewe. Kwa desturi vifundo hulala upande wa kulia wa shingo, idadi yake ni witiri, na kimoja zaidi huwekwa juu ya paji. Mkia nao husukwa kuanzia shinani: singa za kando huokotwa chache chache, kulia na kushoto, na msuko ukashuka katikati kama uti, mpaka singa zilizobaki zikaachwa huru. Farasi wakubwa wa mizigo, kama wale wa jamii ya Shire, wana mtindo wao: msuko mmoja hupita juu ya shingo yote pamoja na nyuzi za mwale na tepe za rangi, ili unene wa shingo udhihirike.

Si kila farasi husukwa. Farasi wa kuwindia husukwa. Wa Kiarabu kwa desturi huachwa na singa zake zikipepea, na vivyo hivyo farasi wadogo wa asili ya visiwa vile, kama wa Exmoor na wa Shetland, huingia uwanjani kama walivyoumbwa. Kwa hiyo msuko ni lugha. Humwambia mwamuzi farasi huyu ni wa kundi gani, na humwonyesha mstari wa shingo bila pazia. Ulikuwa pia na faida yake ya kazi: singa zilizofungwa hazijisokoti na hatamu mkononi mwa mpandaji, na mkia uliofungwa haubebi matope.

Lakini singa ziliumbwa kwa kazi gani kabla mkono wa saisi haujafika? Kiswahili chenyewe kina jibu. Singa moja ni usinga, na usinga ndilo jina la kile kipukusi cha kufukuzia inzi. Lugha imeuita mkia kwa kazi yake. Xenophon, Myunani aliyeandika risala juu ya upandaji farasi katika karne ya 4 kabla ya Kristo, aliagiza singa zioshwe na kutunzwa, kwa kuwa za paji huyakinga macho, za shingo humpa mpandaji mahali pa kushika, na mkia mrefu hufika mbali kuwafukuza wadudu. Papo hapo aliona kuwa singa hizo ni fahari ambayo farasi alipewa na miungu. Katika Sunan ya Abu Daud imo hadithi, ambayo upokezi wake umejadiliwa na wanazuoni, inayokataza kuzikata singa za paji, za shingo na za mkia. Mkia ukitajwa kuwa ni silaha dhidi ya inzi, na singa za shingo kuwa ni joto la mnyama. Nayo Qurani, katika Sura ya An-Nahl, aya ya 8, inawataja farasi, nyumbu na punda kuwa wameumbwa ili wapandwe na wawe pambo. Mafunzo haya yanakutana mahali pamoja: mnyama ni pambo tayari, na pambo lake halitengani na manufaa yake. Anayeongeza uzuri juu ya uzuri huo hana budi kuchunga asiuharibu ule wa kwanza.

Historia inaonyesha kuwa wengi hawakuchunga. Kwa muda mrefu huko Uingereza mikia ya farasi ilikatwa pamoja na mfupa wake, kwa hoja kwamba mkia mrefu hunasa katika hatamu za gari, na mara nyingi kwa sababu tu mtindo ulitaka hivyo. Katika riwaya ya Black Beauty, iliyotoka mwaka 1877, Anna Sewell alimpa sauti farasi mzee aliyekatwa mkia, akasimulia maumivu yake na adha ya kuumwa na inzi asioweza kuwafukuza. Ilipita zaidi ya miaka 70 ndipo sheria ya mwaka 1949 ikaukataza ukataji huo, isipokuwa pale daktari wa mifugo aonapo unahitajika kwa afya. Jambo kama hilo limerudi katika zama hizi juu ya nywele za pua na za kuzunguka macho, ambazo farasi hutumia kuhisi kilicho karibu asichokiona. Zilikuwa zikinyolewa ili uso uwe laini mbele ya waamuzi. Kuanzia Julai 2021, Shirikisho la Kimataifa la Michezo ya Farasi linamwondoa mashindanoni farasi aliyenyolewa nywele hizo.

Hapa ndipo penye mpaka wa kwanza kati ya msuko na kisu. Msuko ni mkopo. Kisu ni unyang'anyi. Kilichosukwa asubuhi hufumuliwa jioni, na farasi akarejeshewa singa zake, joto lake na kinga yake. Kilichokatwa mfupani hakirudi. Hata katika msuko wa mkia wa uwanjani imo hekima hiyo, kwa kuwa ncha huachwa huru na farasi akaendelea kujipepea. Pambo lisilofumulika limekwisha kumfanya mnyama kuwa kitu cha kuchongwa, kama gogo.

Je, yatosha kusema kuwa kila kifumulikacho ni halali? Haitoshi, kwa kuwa pambo lina deni jingine, nalo ni la ukweli. Wasusi wa farasi wanajua siri za kazi yao. Shingo fupi ikipewa vifundo vingi vidogo huonekana ndefu. Shingo iliyolegea, vifundo vikiinuliwa juu ya mgongo wake, huonekana imejaa. Mwamuzi aliyekuja kupima umbo hupimiwa ustadi wa sindano. Wahenga waliliona hili waliposema uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti. Mwanafalsafa Immanuel Kant, katika kitabu chake cha mwaka 1790 juu ya hukumu ya uzuri, alitofautisha pambo linaloukamilisha uzuri wa kitu kwa umbo lake na lile linalovuta jicho kwa mng'ao tu, mfano fremu ya dhahabu iliyotiwa ili picha isifiwe. La pili, kwake, huudhuru uzuri wa kweli. Wapenzi wa mashairi wanalifahamu bila kufundishwa. Kina kikikaa mahali pake, maana husimama. Kikilazimishwa, ubeti huwa umesukwa vizuri juu ya shingo isiyo na nguvu. Msikilizaji hupendezwa kwa pumzi moja, kisha akauliza: limesemwa nini?

Hata hivyo, udanganyifu wa vifundo ni mdogo ukilinganishwa na mwingine. Katika baadhi ya maonyesho ya Marekani huruhusiwa kumwongezea farasi mkia wa singa za farasi mwingine, na wengine waliona kuwa mkia mzito unaotulia hupendeza zaidi. Kwa nini mkia uliotulia upendeze? Kwa sababu farasi mwenye hasira, maumivu au karaha huupiga mkia. Ukitulia, hudhaniwa ameridhika. Wapo waliofikia kuuzima mkia kwa sindano ya dawa ili usitikisike, hata chama cha farasi wa jamii ya Quarter kikaweka kanuni za kukataza jambo hilo. Hapo pambo limevuka kila mpaka. Mkia ni ulimi wa asiye na ulimi. Mwari husema “waniumiza”. Farasi hana neno jingine ila mkia wake, masikio yake na ngozi inayotetemeka. Kumsuka kiumbe ni jambo moja, kumziba kinywa ili aonekane amefurahi ni jambo jingine kabisa, na aibu yake haimwangukii farasi.

Wako watakaosema: basi na waachwe wote bila kusukwa, iwe salama. Hoja hiyo ina uzito, lakini inapoteza kitu. Farasi wenyewe hukwangurana kwa meno pale shingo inapokutana na mgongo. Ni namna yao ya urafiki. Utafiti uliochapishwa mwaka 1993, uliofanywa kwa farasi wa Camargue nchini Ufaransa, ulionyesha kuwa mkono wa mtu ukikwangua mahali hapo mapigo ya moyo wa farasi hupungua. Saisi asukaye shingo hufika jirani na mahali hapo. Katika saa moja ile anaweza kukuta kidonda kilichofichika, kupe aliyejibanza, joto lisilo la kawaida. Farasi hanufaiki na kifundo. Hunufaika na mkono ulio njiani kukifunga, ikiwa mkono huo una huruma na hauna pupa. Singa zilezile zikivutwa kwa haraka na ghadhabu, kifundo kitatoka vilevile, na mwamuzi hatajua. Farasi atajua.

Kwa hiyo mizani ya pambo haikai machoni pa watazamaji. Ina mawe matatu: je, litafumuka na kumwacha mnyama mzima kama alivyokuwa? Je, linaonyesha kilichopo au linafunika kisichopo? Je, limemwachia njia ya kusema hapana? Msuko ukishinda kwa yote matatu, ni heshima. Ukishindwa kwa la tatu, mawili ya kwanza hayauokoi.

Lamu, ambako punda ndiye mchukuzi wa vichochoroni na kituo cha kuwatibu kipo tangu 1987, hufanyika pia mashindano ya punda waliotunzwa vyema. Punda hana singa ndefu za kusukwa. Kinachotazamwa ni mwili wenye afya: mgongo usio na vidonda, kwato zilizotengenezwa, na tabia isiyoonyesha woga wa fimbo. Tuzo ya namna hiyo haimkatazi mtu kumvika punda wake ushanga. Inaamua tu kipi kitazamwe kwanza. Uwanja wa farasi nao ungeweza kuanzia hapo, mwamuzi akapitisha mkono wake mgongoni kabla ya kuvihesabu vifundo, na akautazama mkia kama bado wajua kupiga inzi.