Umetumwa?



Likizo hii namsaidia shangazi dukani hapa Kizota, si mbali na maghala ya nafaka. Unga, mchele, sabuni, mafuta ya alizeti ya kupima. Sasa kuna mzee mmoja wa jumuiya yetu, mteja wa kila siku, akapotea wiki mbili. Nikafungua daftari: anadaiwa Sh 14,000. Nikajisemea, huyu anatukwepa.

Shangazi akaniambia, "Nenda kamjulie hali. Deni usilitaje kabisa."

Nikaenda, nikapiga hodi, nikampa shikamoo. Hata hajaitikia vizuri, akaanza: "Frateri, nisamehe, hela ya shangazi yako naitafuta." Mguu ulikuwa umevimba, hawezi kutembea. Jamani, niliona aibu. Tunasali naye kila wiki, tunaitana ndugu katika Kristo, lakini aliponiona mlangoni hakuona ndugu, aliona daftari. Na kusema kweli, mimi ndiye niliyetangulia kumwona hivyo.

Kwenye falsafa tulisoma Aristotle, kitabu cha 8 cha Maadili ya Nikomako: kuna urafiki wa faida, wa raha, na ule wa kumtakia mwenzako mema kwa ajili yake mwenyewe. Wengi tukisikia hivyo tunakimbilia kusema faida ni dhambi. Hapana. Aristotle anasema tu kwamba urafiki wa faida huvunjika upesi, maana faida ikiisha nao umeisha. Shangazi anauza ili ale, mzee ananunua ili ale, hakuna mnafiki hapo. Papa Benedikto XVI, katika Caritas in Veritate (2009), alifundisha kwamba ukarimu wa bure una nafasi yake ndani ya shughuli za kawaida za uchumi, yaani si mpaka duka lifungwe. (Shangazi hajawahi kuusoma waraka huo. Mimi niliufanyia mtihani.)

Unafiki unaingia pale tunapoazima lugha ya undugu ili mauzo yaende. "Karibu mama yangu, wewe ni familia." Wewe unayeuza viatu kwenye status ya WhatsApp unawaita wateja "wapendwa wangu": mmoja akinyamaza mwezi mzima, unamtafuta, au unamfuta?

Linalonitisha ni la mbele. Mungu akipenda nitakuwa padre, nami nitakuwa na daftari langu: zaka, mavuno, michango ya ujenzi. Nikipiga hodi kwa mgonjwa, ataanza kuniomba msamaha wa bahasha?

Nilikaa na yule mzee karibu saa nzima. Alinisimulia habari za shamba lake la zabibu. Mteja wa kila siku, na sikujua kama ana shamba. Nilipoinuka kuaga akaniuliza, "Lakini umetumwa, eti?"

Nikamjibu ndiyo. Akacheka, akasema nimsalimie sana aliyenituma.