Kupekuliwa Kiwanja cha Ndege na Sitara ya Mtu

Ndugu zetu Waislamu, kila ujapo msimu wa Haji na Umra twaulizwa na akina mama wa mji wetu: je, yafaa mwanamke asimame mbele ya mashine ya kiwanja cha ndege, au apapaswe na askari, hali ameamrishwa kujisitiri?

Twajibu. Kuhifadhi nafsi ni katika makusudio makubwa ya Sharia. Siku ya Krismasi mwaka 2009 kijana mmoja alipanda ndege iendayo Detroit amefunga kitu cha kulipuka ndani ya nguo zake. Na kwa masikitiko yetu, alijinasibisha na dini hii. Basi asiseme mtu kwamba kupekuliwa ni uadui mtupu.

Lakini haja ina mpaka. Tazameni kisa cha barua ya Hatib bin Abi Balta'a, mwaka wa 8 wa Hijra. Mtume (S.A.W.) aliwatuma Ali, Zubeir na Mikdadi wamfuate mwanamke aliyeichukua kwenda Makka. Walimfuata yeye, si kila mwanamke wa njia ile, kwani habari yake ilikuwa ya yakini. Walianza kwa kumtaka aitoe, akakana. Ndipo walipomwambia kuwa asipoitoa watamvua nguo, naye akaitoa mwenyewe katika misokoto ya nywele zake. Wakamwacha.

Mlinganisheni huyo na msafiri anayewekwa kando kwa sababu ya jina lake au ndevu zake tu. Hiyo ni dhana, na Sura ya Hujurat imetukataza dhana na upelelezi pamoja.

Mashine za kwanza za Marekani zilimwonyesha askari umbo la mwili chini ya nguo. Februari 2010 Baraza la Fikihi la Amerika ya Kaskazini lilizipinga, likawashauri Waislamu wachague kupapaswa. Wasiokuwa Waislamu nao walilalamika, hata bunge lao likaingia kati. Mwaka 2013 zisizoweza kurekebishwa ziliondolewa, na zilizobaki zikawa zaonyesha sanamu moja kwa watu wote. Na ndege hazikuacha kuruka! Kumbe njia ya sitara ilikuwapo, ila hawakuitafuta mpaka walipolalamikiwa.

Basi mama, omba upekuliwe na mwanamke mwenzio, na faraghani. Huko Marekani hiyo ni kanuni yao wenyewe. Nanyi akina baba mnaofuatana nao, msinyamaze kwa haya. Semeni kwa adabu, kabla mkono haujanyoshwa.