Mjukuu Wangu, Usishangilie Upesi

Mjukuu wangu, picha yako nimeipata. Nimeitazama mara tatu, na mara ya mwisho nilitoka nayo nje mchana, maana macho haya hayaamini tena mwanga wa taa. Umeandika chini yake: "Bibi, hii ni kaskazini ya Alaska. Barafu imeondoka, vichaka vimeota. Hii si neema?"

Nimekaa na neno hilo siku mbili kabla ya kukujibu. Nimelisikia darasani miaka mingi, na bado najibu polepole, kwa sababu anayelisema hajakosa akili. Tumelelewa hivyo. Kwetu kijani ni mvua, ni maziwa, ni mahindi yaliyobeba. Mtu wa huku akiona pakavu pameota majani hushukuru kwanza, kuuliza baadaye. Mimi mwenyewe nilikuwa miongoni mwa walioshukuru tulipopanda mikaratusi juu ya ile chemchemi ya bondeni, hapa hapa Lushoto. Iliota upesi, mlima ukapendeza, wageni wakapiga picha. Mama yako alikuwa bado mdogo. Alipofika umri wa kubeba ndoo, chemchemi ilikuwa imebaki tope, na alitembea saa nzima kufuata maji. Tangu hapo nikiona kijani kigeni nauliza kinakunywa wapi.

Basi tuulize pamoja. Kwanza, nchi ile haikuwa tupu. Tundra, kama inavyoitwa nchi hiyo, ina mierebi inayotambaa chini, shina nene kama kidole, iliyoishi miaka mia na zaidi bila kufika kwenye goti lako, kwa sababu upepo hukata kila kinachosimama. Ina kuvumwani, ina nyasi zinazotoa vichwa vyeupe kama pamba. Wanawake wa Kiinuiti, wenyeji wa nchi hizo za kaskazini, walizichuma pamba hizo, wakazichanganya na kuvumwani kavu, wakafanya utambi wa taa ya jiwe iliyowaka mafuta ya sili. Taa hiyo ndiyo iliyopika, ikakausha nguo, ikayeyusha barafu yapatikane maji ya kunywa. Mimi niliyesoma kwa kibatari naijua thamani ya utambi. Mafuta yangejaa debe, bila utambi mnalala gizani.

Sasa joto limeingia. Tangu 1979 Aktiki imepata joto kwa kasi inayokaribia mara nne ya wastani wa dunia nzima. Mwishoni mwa miaka ya 1940 ndege zilipiga picha nyingi za kaskazini ya Alaska, watu wakitafuta petroli. Nusu karne baadaye wanasayansi walirudi pale pale, wakapiga upya, wakaziweka picha sambamba. Mabondeni na kwenye miteremko, palipokuwa na kichaka kimoja pana vingi, na vilivyokuwepo vimenenepa. Picha yako ni ndugu wa zile za pili.

Wewe umezaliwa mahali pasipoanguka theluji, kwa hiyo nikueleze jambo ambalo nami lilinichukua muda kulielewa. Theluji ni blanketi. Ardhi iliyofunikwa nayo haipati ule ubaridi mkali wa hewa. Zamani upepo uliifagia theluji ya tundra ikabaki nyembamba, na udongo ukaganda barabara. Kichaka kikisimama, kinaidaka theluji kama ua linavyodaka majani makavu. Inarundikana, udongo chini yake unabaki na vuguvugu, vijidudu vinaendelea kuozesha masazo katikati ya baridi, rutuba inatoka, na kichaka kinazidi kukua. Jua la masika yao likirudi, matawi meusi yametokeza juu ya weupe, yanakunywa mwanga ambao theluji ingeurudisha angani. Kichaka kinaita joto, na joto linaita vichaka vingine.

Na chini ya hayo kuna ardhi iliyoganda maelfu ya miaka. Nyumba njema si mlango. Humo mmelala mizizi, majani na mizoga ya kale, havikuoza kwa sababu ya baridi, kama nyama iliyo kwenye friza. Kaboni iliyomo inakaribia mara mbili ya ile iliyo hewani leo. Friza ikizimwa, unajua kinachofuata. Vitaoza, na vinapooza vinatoa kaboni dayoksaidi na methani, gesi zinazoongeza joto lile lile. Ni kweli majani mapya yanavuta kaboni dayoksaidi, sikatai. Lakini kichaka cha miaka ishirini kitalipaje deni la maelfu ya miaka? Tena nchi ikikauka inashika moto. Mwaka 2007 moto karibu na mto Anaktuvuk, huko huko Alaska, uliteketeza takriban kilomita za mraba 1,000 za tundra, na haukuunguza majani peke yake. Uliunguza na udongo wenyewe, ile akiba ya zamani.

Baharini nako wanasema kumenawiri. Uzalishaji wa mimea midogo isiyoonekana kwa macho uliongezeka kwa asilimia 57 katika Bahari ya Aktiki kati ya 1998 na 2018. Lakini kuna mwani unaoning'inia upande wa chini wa barafu, ambao huanza kukua mapema kabla ya bahari kufunguka. Ndio uji wa kwanza wa mwaka. Vidudu vya majini huula, samaki hula vidudu, sili hula samaki, dubu hula sili. Barafu ikiondoka, mwani huo hauna dari ya kushikia, hata maji ya pembeni yawe kijani namna gani.

Nisikufiche, lipo jambo moja katika habari hizi lililonifanya nifunge kitabu na kukaa kimya. Kwenye kisiwa cha Ellesmere, Kanada, mtaalamu wa mimea Catherine La Farge na wenzake walikuwa wakitembea ukingoni mwa barafu iitwayo Teardrop, inayorudi nyuma mwaka hadi mwaka. Walikuta kuvumwani zilizofunikwa miaka 400 hivi. Zilikuwa nyeusi, zimelala kama nywele zilizolowa, ila baadhi zilikuwa na dalili ya kijani. Walizisaga, wakazinyunyizia juu ya udongo maabara. Zikaota. Taarifa yao ilitoka 2013. Nilimshukuru Mungu siku hiyo, na hapo sikukosea.

Ila mwanangu, usiuchukue uvumilivu wa kuvumwani ukaugeuza ruhusa. Si kila kiumbe kina subira hiyo. Likeni, ambayo si kuvumwani bali ni muungano wa kuvu na mwani, hukua milimita chache tu kwa mwaka. Reindia, kulungu wa huko kaskazini, huila majira ya baridi, wakifukua theluji kwa kwato. Vichaka vikipanda juu ya likeni vinaikinga jua, nayo inafifia. Hata ikiwepo, hali ya hewa inaweza kuifungia. Novemba 2013 mvua ilinyesha juu ya theluji katika rasi ya Yamal, Siberia, kisha ikaganda ikawa kama kioo. Malisho yalikuwepo chini, kwato hazikupenya. Reindia wapatao 61,000 wa wafugaji wa Kinenets wakafa njaa, wamesimama juu ya chakula chao. Nilipoyasoma hayo niliwakumbuka wafugaji wetu wa nyika mwaka wa ukame, wanavyokaa pembeni ya ng'ombe aliyeanguka, hawasemi kitu.

Kwa hiyo picha usiifute. Fungua tena, uikuze, utazame kona ya chini kushoto, nyuma ya kile kichaka kikubwa. Pale pana mabaka meupe, na nadhani umeyahesabu kuwa theluji inayomalizikia. Si theluji. Ni likeni, na kivuli cha kichaka kimeshafika nusu yake.