Dhamana ya Maisha, Lakini Maisha ya Nani?

Pochi, mikanda, mikoba ya mgongoni na visu vya mfukoni vinavyotoka Ulaya na Marekani mara nyingi huja na kikaratasi kinachosema kwamba bidhaa hiyo ina dhamana ya maisha. Hapa Bujumbura tunasema garanti, neno tulilolipata kwa Kifaransa, na muuza simu akikupa garanti ya miezi mitatu unajiona umebahatika. Kwa hiyo mtu akilikuta neno "maisha" ndani ya pochi, lazima ajiulize. Nani anaweza kuahidi jambo kwa maisha yote? Wahenga walisema ahadi ni deni. Katika insha hii nauliza kama dhamana ya maisha ni deni kweli, au ni pambo la kuuzia tu.

Tuanze na maana. Neno "maisha" hapa linaweza kubeba mambo matatu. Kwanza, maisha ya mnunuzi. Pili, maisha ya kitu chenyewe, yaani muda ambao mtengenezaji anaona ni wa kawaida kwa kitu hicho kutumika. Tatu, maisha ya kampuni, kwa maana kampuni ikifa hakuna wa kudaiwa. Utata huu unajulikana hata kwa serikali. Nchini Marekani, Tume ya Biashara ya Shirikisho ina mwongozo unaowataka watangazaji wanaotumia neno hilo waeleze ni maisha ya nani wanayoyasema. Mfano wao ni ekzosi ya gari: dhamana yake inaweza kudumu kwa maisha ya gari lililofungwa ekzosi hiyo, wala si kwa maisha ya mwenye gari. Gari likifa, ahadi imekwisha, hata kama wewe bado u mzima.

Baada ya muda kuna swali la kinachodhaminiwa. Kwa kawaida dhamana hizi hufidia kasoro za malighafi na za ufundi: mshono uliofumuka wenyewe, zipu iliyokataa, ngozi iliyopasuka kabla ya wakati. Hazifidii kuchakaa kwa kawaida, kupotea, kuibiwa, wala kuharibiwa na mtumiaji. Nyingi hudai risiti. Nyingi humhusu mnunuzi wa kwanza peke yake. Nyingi hufutika ikiwa mtu mwingine ameshakitengeneza kitu hicho. Na mara nyingi gharama ya kukituma kiwandani ni juu yako.

Masharti haya yamenigusa. Kaka yangu anayeishi Ubelgiji alimnunulia baba pochi ya ngozi yenye dhamana ya aina hii. Baba aliitumia miaka mingi, na alipofariki ikawa yangu. Sasa mshono wa upande mmoja umeachia. Mnunuzi wa kwanza ni kaka, naye yu hai, lakini hajaitumia hata siku moja. Aliyeitumia amekufa. Ninayeihitaji ni mimi, na kwenye karatasi ile mimi si mtu. Maisha yapi yanahesabiwa hapo? Kwa sheria ya karatasi jibu linapatikana: ya kaka. Kwa akili ya kawaida jibu hilo halitoshi, kwa sababu mshono ni uleule na mshonaji ni yuleyule, awe ameishika nani.

Linganisha na desturi yetu ya ubugabire. Zamani mtu aliyempa mwenzake ng'ombe hakumaliza neno siku ile. Aliyepokea alibaki na wajibu kwa mtoaji, mtoaji naye alibaki na wajibu kwake, na uhusiano huo ungeweza kurithiwa na watoto wa pande zote mbili. Sisemi ulikuwa mfumo wa haki. Mara nyingi ulimfunga mnyonge kwa mwenye mali. Ninachosema ni kwamba ahadi yenye kudumu ilikaa baina ya watu wanaofahamiana, na ikiingia ugomvi, walikuwapo abashingantahe wa kuusikiliza. Dhamana ya karatasi imelichukua neno la kudumu, lakini imemwacha mtu nje.

Mwanafalsafa Hannah Arendt, katika kitabu chake The Human Condition cha mwaka 1958, aliziona ahadi kama visiwa vya uhakika katika bahari ya mambo yasiyojulikana. Alionya pia kwamba ahadi zikitaka kuifunika bahari nzima, hupoteza nguvu yake. Sisi wa Bujumbura tunaielewa bahari hiyo. Tarehe 27 Januari 2013 soko kuu la mji liliungua, na wafanyabiashara wengi wakapoteza mtaji wa miaka kwa siku moja. Mwezi Juni 2023 Benki ya Jamhuri ya Burundi iliziondoa noti za zamani za faranga 5,000 na 10,000, watu wakapewa siku kumi za kuzipeleka benki. Hivyo pochi yaweza kuwa na dhamana ya maisha huku kilichomo ndani kina siku kumi. Asiyeamini neno "maisha" katika mji kama huu si mwenye roho mbaya.

Hata hivyo tusiwahukumu watengenezaji haraka. Kampuni ya Marekani ya L.L.Bean ilianza mwaka 1912 kwa kuuza viatu vya kuwindia. Katika jozi 100 za kwanza, 90 zilirudishwa kwa sababu soli ziliachana na sehemu ya juu, na mwenyewe akawarudishia wateja pesa zao. Kwa zaidi ya miaka mia kampuni ile ilipokea bidhaa iliyorudishwa bila kuweka kikomo cha muda. Mwezi Februari 2018 ikabadilisha: mwaka mmoja, tena na risiti. Sababu iliyotolewa ni kwamba baadhi ya watu walirudisha vitu vilivyochakaa kabisa, na wengine walirudisha vitu walivyookota au kununua kwa mitumba. Kwa hiyo ahadi ina pande mbili. Anayedai pochi mpya kwa sababu tu ile ya zamani imezeeka anakula kisichokuwa chake, na gharama yake hulipwa na wateja wengine.

Hapo ndipo ninapoliona tatizo kubwa la haki. Dhamana haitoki hewani, bei yake imo ndani ya bei ya bidhaa. Anayenunua akiwa Brussels na anayenunua akiwa Bujumbura wote wamechangia mfuko uleule. Lakini wa Brussels ataituma pochi kwa posta na kuipata tena. Wa Bujumbura atakuta nauli ya kifurushi inakaribia bei ya pochi, kama haijaipita. Basi maskini analipia ahadi inayomhudumia tajiri. Nadhani ahadi inayotolewa kwa wote hali mtoaji anajua kwamba baadhi yao hawataweza kuidai, ina upungufu wa ukweli, hata kama kila neno lake ni sahihi.

Je, hapa nyumbani tuna nafuu? Kwenye risiti nyingi tunasoma kwamba bidhaa ikishauzwa hairudishwi. Lakini sheria ya mikataba tuliyoirithi kutoka enzi za ukoloni, dekreti ya tarehe 30 Julai 1888, inambebesha muuzaji kasoro zilizofichika za kitu alichokiuza. Fiqhi ya Kiislamu nayo inampa mnunuzi hiari ya kurudisha kitu akigundua aibu iliyokuwemo kabla hajakinunua. Haki hizi mbili hazihitaji kikaratasi. Zinasema tu kwamba usiuze kibovu kwa jina la kizima. Wengi wetu tunaishangaa dhamana ya ng'ambo wakati hii ya hapa hatuijui.

Tena yuko fundi. Mafundi wa viatu wa Buyenzi hawaandiki dhamana. Anashona, anavuta uzi, anakwambia: "Ukifumuka, nirudishie." Ahadi yake ina mipaka inayoonekana: inaishi maadamu yeye anaishi na anakaa palepale. Akihama, imekwisha, na hakukudanganya. Cha ajabu ni kwamba sindano yake ikiigusa pochi ya baba, dhamana ya kiwanda inafutika. Karatasi inaniambia nisimwamini jirani ili nibaki na haki ya kumwamini mtu nisiyeweza kumfikia.

Nimeamua kwamba pochi itashonwa Buyenzi. Si kwamba fundi ni bora kuliko kiwanda. Ni kwamba ahadi yake naweza kuidai kwa miguu yangu. Kwa msomaji mwenzangu, ukikutana na dhamana ya maisha uliza mambo matatu kabla ya kutoa pesa: ni maisha ya nani, inafidia nini, na mimi niliye hapa nitaidai vipi. Muuzaji akiyajibu yote matatu waziwazi, mpe heshima yake, hata akisema ni mwaka mmoja tu. Asipoyajibu, kipime kitu chenyewe kwa mkono wako, mshono kwa mshono, na ulipe bei ya kile ulichokishika.